Shaka ya Askari: Imani, Ugeni na Vita katika Maisha ya Bildad Kaggia, 1940-1946

1.0 Utangulizi

Waandishi wengi wa historia ya Kenya wamevieleza Vita vya Pili vya Dunia kama shule ya siasa. Kwa mujibu wa maelezo yao, Mwafrika aliondoka kwao akiwa mtiifu, akamwona Mzungu akiogopa, akijeruhiwa na akifa kama mtu mwingine yeyote, kisha akarudi akidai haki yake. Maelezo haya yana ukweli mwingi, na ushahidi wake ni tele. Hata hivyo, yana pengo. Yanamchukua askari kutoka utiifu hadi uasi kwa mruko mmoja, na katika mruko huo yanaiacha nyuma dini. Kwa kijana aliyelelewa misheni kabla ya mwaka 1939, utiifu kwa serikali na utiifu kwa kanisa vilikuwa vimesukwa pamoja kama ukili. Hakuweza kuufungua mmoja bila kuugusa wa pili.

Makala haya yanachunguza mfano mmoja wa askari aliyeguswa na shaka ya dini akiwa mbali na kwao. Askari huyo ni Bildad Kaggia, aliyejiunga na jeshi mwaka 1940, akatumikia Mashariki ya Kati na Uingereza, na akarudi Kenya mwaka 1946. Chanzo kikuu ni tawasifu yake, *Roots of Freedom*, iliyochapishwa Nairobi mwaka 1975. Kwa ajili ya ulinganishi, makala yanagusia pia tawasifu ya Waruhiu Itote, *"Mau Mau" General*, ya mwaka 1967, pamoja na mhusika Boro katika riwaya ya Ngũgĩ wa Thiong'o, *Weep Not, Child*, ya mwaka 1964. Hoja inayotetewa ni kwamba shaka ya Kaggia haikuwa upungufu wa imani. Ilikuwa kazi ya kuitenganisha imani na watu waliokuwa wameimiliki. Kazi hiyo ilitangulia siasa yake, nayo ndiyo iliyoipa siasa hiyo ukali wake.

2.0 Askari katika Mapokeo ya Utenzi

Kabla ya kuitazama tawasifu, inafaa kuuliza ni nafasi gani ambayo fasihi ya Kiswahili ilikuwa imempa askari mwenye shaka. Jibu ni kwamba nafasi hiyo ilikuwa finyu mno. Utenzi wa Tambuka, ambao Mwengo bin Athumani aliutunga Pate mwaka 1728, unasimulia safari ya jeshi la Waislamu kutoka Madina kwenda kaskazini kupambana na Hirqal, mfalme wa Rumi. Askari wa utenzi huo wako mbali sana na kwao, na safari yao ni ya jangwa na kiu. Lakini umbali huo unatumika kama kipimo cha imani. Katika mapokeo ya Kiislamu kuhusu safari ya Tabuk, wanaosita ni wanafiki, nao wanatambulikana kwa kubaki nyumbani. Anayeondoka ni muumini, na anayebaki ndiye mwenye shaka. Mpangilio huu unapaswa kukumbukwa, kwa maana Kaggia ataupindua.

Mfano wa pili ni Utenzi wa Ayubu. Hapa mateso yanamfikia mtu mwema bila kosa lake, na swali la haki ya Mungu liko wazi mbele ya kila msikilizaji. Hata hivyo, Ayubu wa utenzi, kama Ayubu wa Kurani, ni kielelezo cha subira. Anapoteza mali, watoto na afya, lakini hamshtaki Mola wake. Ayubu wa Biblia ni mtu wa aina nyingine. Yeye anabishana, anadai kesi yake isikilizwe, na anawakemea marafiki wanaokuja kumfariji kwa mafundisho ya mazoea. Hivyo msomaji wa Afrika Mashariki amerithi Ayubu wawili, mmoja wa subira na mwingine wa hoja. Utenzi ulimpokea wa kwanza na kumwacha wa pili.

Hata vita vyenyewe vya mwaka 1939 hadi 1945 vilipata utenzi wake. Shaaban Robert alitunga Utenzi wa Vita vya Uhuru, uliochapishwa baada ya kifo chake, mwaka 1967. Mshairi huyo alikuwa mtumishi wa serikali Tanganyika, hakuwa askari. Katika utenzi wake vita ni mapambano baina ya haki na dhuluma, na haki inajulikana iko upande gani. Si busara kumlaumu kwa hilo. Utanzu aliouchagua una desturi zake: hufunguliwa kwa kumtukuza Mungu na hufungwa kwa dua, na sauti inayosema ni sauti ya jamii inayojua ilikosimama. Ndani ya fremu ya namna hiyo shaka inaweza kutajwa kama kituo cha njiani, lakini haiwezi kupewa makao.

Shaka ya askari ilihitaji utanzu mwingine, nao ulitoka mahali pasipotarajiwa. Misheni ziliwafundisha wafuasi wao kusimulia maisha ya nafsi kwa mpango maalum: nilikuwa gizani, nikaona nuru, sasa ninatembea katika nuru hiyo. Uamsho ulioanzia Rwanda na Uganda na kufika Kenya mwishoni mwa miaka ya 1930 uliufanya ushuhuda wa aina hii kuwa jambo la hadharani. Tawasifu ya Kaggia ina umbo lile lile la ushuhuda, ila giza na nuru zimebadilishana mahali. Giza ni mafundisho aliyopewa, na nuru inampata safarini.

3.0 Kanisa Moja la Nyumbani

Kaggia alizaliwa mwaka 1921, akasoma katika shule ya misheni ya CMS huko Kahuhia, Murang'a, wilaya iliyoitwa Fort Hall wakati huo. Alikuwa mwanafunzi hodari, lakini karo ilimzuia asiendelee na masomo katika Alliance High School. Akaajiriwa kuwa karani katika ofisi ya mkuu wa wilaya. Kwa hiyo kabla hajatimiza miaka ishirini alikuwa amepitia milango miwili mikuu ya ukoloni, yaani kanisa na ofisi, na katika milango yote miwili alikuwa mtu wa kalamu.

Ni muhimu kuelewa sura ya dini katika wilaya kama hiyo. Misheni za Kiprotestanti zilikuwa zimegawana nchi ili zisigombanie waumini. CMS walikuwa na Kahuhia na Weithaga, Waskoti walikuwa na Thogoto na Tumutumu, African Inland Mission walikuwa Kijabe, na Wamethodisti walikuwa Meru. Wakatoliki walikuwa na vituo vyao kando. Matokeo yake ni kwamba Mkristo wa kawaida hakulijua kanisa kama jambo la kuchagua. Alilijua kanisa la kwao, kama alivyomjua chifu wa kwao. Sheria za misheni kuhusu ndoa, pombe, ngoma, mavazi na jina la ubatizo zilimfikia pamoja na Injili katika kifurushi kimoja, naye hakuwa na njia ya kujua ni kipi kilichotoka Galilaya na ni kipi kilichotoka Uingereza.

Yako mambo yaliyokuwa yamekwisha kuutikisa umoja huo. Mgogoro wa tohara ya wanawake wa mwaka 1929 uliwatenga maelfu ya Wagĩkũyũ na misheni, na shule na makanisa huru yakaanzishwa. Mwaka 1935 Askofu Daniel William Alexander wa African Orthodox Church alifika kutoka Afrika Kusini kuwafundisha na kuwatawaza makasisi wa makanisa hayo. Kwa hiyo wazo la Ukristo usio wa misheni lilikuwapo Murang'a kabla ya vita. Lakini Kaggia alikuwa upande wa pili wa ua. Alikuwa kijana wa misheni, mwenye cheti cha misheni na jina la Biblia. Mgogoro wa mwaka 1929 ulihusu ni nani mwenye haki ya kutawala mila. Swali ambalo Kaggia angelikabili lilikuwa zito zaidi, nalo ni kama mwalimu wake alikuwa amemweleza ukweli kuhusu Kristo.

4.0 Kambi na Yerusalemu

Zaidi ya wanaume 250,000 kutoka Kenya, Uganda na Tanganyika waliingizwa jeshini katika miaka ya vita. Jambo la kwanza ambalo jeshi liliwafanyia, kabla hata ya risasi ya kwanza, lilikuwa kuvunja ile mipaka ya misheni. Katika kambi moja Mwanglikana wa Murang'a alilala karibu na Mkatoliki wa Buganda, Mwislamu wa Pwani au Unyamwezi, na mtu ambaye hakuwa na dini ya kitabu. Walikula chungu kimoja na kuzungumza Kiswahili kimoja cha kambini. Mtu aliyefundishwa kwamba wema una anwani aliona wema na uovu vikigawanyika bila kufuata orodha ya makanisa.

Kuna na jambo la pili. Jeshi lenyewe lilijiita la Wakristo wanaotetea ustaarabu, ilhali lilipanga mishahara, chakula, vyeo na hata mahali pa kupumzikia kwa rangi ya ngozi. Mwafrika aliweza kuwa sajini, na Kaggia alifika huko, lakini uafisa wenye amri ya mfalme ulikuwa haumfikii. Ubaguzi haukuwa jambo geni kwa mtu wa Kenya. Kilichokuwa kipya ni kuuona katika mahali ambapo kifo hakikubagua.

Aidha, wapo askari waliokutana na Ukristo wa Kiafrika uso kwa uso. Katika mapigano ya mwaka 1941 vikosi vya Afrika Mashariki viliingia Uhabeshi na kusaidia kuwatoa Waitalia. Mfalme Haile Selassie alirudi Addis Ababa tarehe 5 Mei mwaka huo. Huko walikuwapo makasisi weusi, nyimbo na ngoma ibadani, na kanisa lililokuwa na mizizi tangu karne ya nne, kabla Waingereza wenyewe hawajapelekewa Injili na Augustino wa Canterbury. Kwa askari aliyeambiwa kwamba ngoma ni ya shetani, kanisa hilo lilikuwa hoja isiyohitaji maneno.

Hoja kubwa zaidi ilimngoja Kaggia kaskazini. Alipelekwa Mashariki ya Kati, na kutoka huko akapata nafasi ya kuzuru mahali patakatifu pa Palestina, nchi iliyokuwa chini ya utawala wa Uingereza wakati huo. Katika tawasifu yake ziara hiyo ni njia panda. Ili kufahamu kwa nini, lazima ikumbukwe mgeni wa Yerusalemu alikuta nini katika miaka hiyo. Kanisa la Kaburi Takatifu, linaloheshimiwa kama mahali pa kusulubiwa na kufufuka kwa Kristo, halikuwa mali ya dhehebu moja. Wagiriki, Wakatoliki, Waarmenia, Wakopti, Wasiria na Wahabeshi walikuwa na sehemu zao, saa zao na haki zao, kwa kufuata utaratibu uliothibitishwa na Sultani wa Uturuki mwaka 1852. Watawa wa Kihabeshi waliishi juu ya dari yake. Ufunguo wa mlango mkuu ulitunzwa na familia za Kiislamu, kama ulivyokuwa umetunzwa kwa karne nyingi. Na Waanglikana, walezi wa Kahuhia, hawakuwa na sehemu yao ndani ya jengo hilo.

Kwa msomi wa historia ya kanisa mambo haya ni ya kawaida. Kwa kijana wa Kahuhia yalikuwa tetemeko. Bethlehemu na Yerusalemu yalikuwa majina ya kitabuni, na kitabu kilikuwa mikononi mwa mmishenari. Sasa majina yakawa mahali, penye vumbi, wachuuzi na mabishano ya makasisi, na mmishenari hakuwa mlango wa kupitia. Kaggia aliona kwamba Wakristo wa nchi aliyozaliwa Kristo waliishi, walivaa na waliabudu kwa namna ambazo misheni ingezihukumu nyumbani. Ikiwa hawa nao walikuwa Wakristo, basi sehemu kubwa ya yale aliyofundishwa kuwa Ukristo ilikuwa desturi ya Kizungu.

Hapa ndipo mpangilio wa Utenzi wa Tambuka unapopinduliwa. Kule, mwenye shaka hubaki nyumbani na muumini huenda mbali. Kwa Kaggia, kubaki nyumbani ndiko kungemhifadhia imani isiyoulizwa, na kwenda mbali ndiko kulikomletea shaka. Isitoshe, shaka hiyo ilimjia katika mahali patakatifu kupita pote. Haikuzaliwa na mizinga wala na maiti. Ilizaliwa na hija.

Baadaye Kaggia alipelekwa Uingereza, vita vilipokuwa vinamalizika. Huko somo lilikamilika kutoka upande wa pili. Ikiwa Palestina ilimwonyesha kwamba Ukristo si lazima uwe wa Kiingereza, Uingereza ilimwonyesha kwamba Mwingereza si lazima awe Mkristo kwa kipimo ambacho misheni ilimpimia Mwafrika. Alikutana na watu wa kawaida wanaofanya kazi za mikono, waliomkaribisha kama mtu, na ambao maisha yao hayakufanana na picha ya Mzungu iliyochorwa Kahuhia. Utukufu wa Mzungu ulipungua, lakini ubinadamu wake uliongezeka.

5.0 Shaka Nyingine: Itote na Burma

Ulinganishi na Waruhiu Itote unasaidia kuonyesha kwamba askari hawakushuku jambo moja. Itote, aliyezaliwa Nyeri mwaka 1922, aliingia King's African Rifles mwaka 1942 na akapigana Burma. Huo ulikuwa uwanja mkali. Kikosi kizima cha mizinga cha Afrika Mashariki kilipoteza mamia ya watu meli ya Khedive Ismail ilipozamishwa karibu na Maldives tarehe 12 Februari 1944. Katika msimu wa mvua wa mwaka huo, Divisheni ya 11 ya Afrika Mashariki ilisukuma mbele katika bonde la Kabaw, penye matope na malaria, hadi Kalewa kwenye mto Chindwin mwezi Desemba.

Maswali yanayomgeuza Itote yanatoka vinywani mwa watu. Anasimulia mazungumzo na askari Mwingereza aliyestaajabu kwamba Mwafrika anahatarisha maisha kwa ajili ya milki inayomtawala, na mazungumzo na Wahindi waliojua ni malipo gani wanayotazamia baada ya vita, wakamwuliza Waafrika wameahidiwa nini. Anamkumbuka pia askari mweusi wa Marekani. Katika kila mazungumzo swali ni la deni: unampigania nani, na atakulipa nini? Shaka ya Itote inamhusu mfalme. Shaka ya Kaggia inamhusu padri. Zote mbili zinaelekea kwenye uasi, lakini hazipiti njia moja. Mwenye kumshuku mfalme anahitaji bunduki au chama. Mwenye kumshuku padri anahitaji kwanza kuamua atasali vipi kesho asubuhi.

Tofauti hii inaonekana katika vitendo vyao waliporudi. Itote aliingia msituni na kujulikana kama Jenerali China, akakamatwa mwezi Januari 1954. Kaggia alianza kuhubiri. Njia zao zilikutana baadaye katika gereza la Lokitaung, walikofungwa pamoja na Jomo Kenyatta. Askari wa Burma na askari wa Palestina walipata ukuta mmoja, lakini ni kosa kudhani kwamba walifika pale kwa barabara moja.

6.0 Kurudi: Kutoka Shaka hadi Mahubiri

Kinachothibitisha kwamba shaka ya Kaggia ilikuwa ya kidini ni jambo alilolifanya kwanza mwaka 1946. Hakuanzisha chama cha siasa. Alirudi Murang'a akaanza kufundisha kwamba Mwafrika anaweza kumfuata Kristo bila kuvaa desturi za misheni, na kwamba Biblia isomwe bila mlinzi mgeni. Watu walimfuata, na kundi lake likaitwa na wengine Dini ya Kaggia. Kwa kanisa la misheni, huyu hakuwa mpagani wa kuongolewa wala mfuasi wa makanisa huru ya tangu mwaka 1929. Alikuwa mtoto wa nyumbani, aliyerudi kutoka Bethlehemu akidai kwamba alikuwa amekagua hati ya nyumba.

Hapa pana suala la mbinu ambalo mhakiki hawezi kulikwepa. *Roots of Freedom* ilitolewa mwaka 1975, takriban miaka thelathini baada ya matukio ya vita. Mwandishi wake alikuwa ameshafungwa na wakoloni na kuachiliwa, ameshakuwa mbunge na waziri msaidizi, ameondoka serikalini mwaka 1964 kwa sababu ya msimamo wake kuhusu ardhi, na amejiunga na KPU ya Oginga Odinga mwaka 1966. Aliandika akijua safari iliishia wapi. Yawezekana basi kwamba Yerusalemu ya tawasifu imepakwa rangi na siasa ya baadaye?

Tahadhari hiyo ni ya haki, na inahusu kila tawasifu ya askari. Lakini katika mfano huu kuna hoja mbili za kuipunguza. Ya kwanza ni kwamba tendo la mwaka 1946 liko nje ya kitabu. Lile kundi la kidini lilijulikana na kanisa na serikali kabla tawasifu haijawazwa. Ya pili ni kwamba mwandishi wa mwaka 1975 hakuwa na haja ya kujionyesha kama mhubiri. Sifa yake ilitokana na vyama vya wafanyakazi, na tawi la Nairobi la KAU, ambalo yeye na Fred Kubai walilishika mwaka 1951, na kesi ya Kapenguria iliyomfunga miaka saba kwa hukumu ya tarehe 8 Aprili 1953. Mwanasiasa anayetafuta sifa angeipita haraka miaka ya mahubiri. Kaggia anaisimulia kwa sababu bila hiyo maisha yake hayaelezeki.

Je, siasa ilimtoa katika dini? Ni kweli kwamba kazi ya vyama ilichukua nafasi ya mimbari. Lakini mtindo wa fikra ulibaki ule ule. Yerusalemu alikuwa amejifunza kuuliza swali moja: katika kile tulichopewa, kipi ni asili na kipi ni cha wasimamizi? Alilitumia swali hilo kwa kanisa, kisha kwa mwajiri, kisha kwa serikali ya kikoloni. Baada ya mwaka 1963 alilitumia kwa serikali ya uhuru, alipouliza kwa nini ardhi iliyopiganiwa na maskini inawapita maskini. Mwaka 1965 Kenyatta alimsuta hadharani kwa kutokujitajirisha kama wafungwa wenzake wa zamani walivyofanya. Suto hilo, lililokusudiwa kumwaibisha, linasikika leo kama cheti. Kaggia alifariki mwaka 2005 bila kuwa tajiri. Shaka ilikuwa na gharama, naye aliilipa mara mbili, kwa utawala wa kigeni na kwa utawala wa wenziwe.

7.0 Boro: Shaka Isiyo na Mahali pa Kurudi

Riwaya iliwahi tawasifu hizi katika kumchora askari aliyerudi bila imani. Boro wa *Weep Not, Child* amepigana vita vya wazungu na kumpoteza nduguye, Mwangi, katika vita hivyo. Amerudi kwenye nchi ambamo baba yake ni kibarua juu ya ardhi ya ukoo. Boro hana imani iliyobaki. Hata msituni, ambako wengine wanapigania uhuru, yeye anakiri kwamba haamini chochote isipokuwa kisasi. Ngũgĩ anamweka kando ya mdogo wake, Njoroge, ambaye imani yake katika Biblia na elimu inavunjika kwa mpigo mmoja na kumfikisha karibu na kujiua.

Riwaya inatoa basi hali mbili za mwisho: imani isiyowahi kushuku, ambayo inavunjika, na shaka iliyokula kila kitu, ambayo inaua. Kaggia hayupo katika yeyote kati ya hao wawili. Yeye ni askari aliyeshuku na bado akawa na kitu cha kuhubiri. Mtu wa aina hiyo hajapata nafasi ya kutosha katika uhakiki wetu, labda kwa kuwa ni rahisi zaidi kumchambua aliyevunjika kuliko aliyechambua mwenyewe akabaki mzima. Lakini ukweli wa kihistoria unadai nafasi yake itambuliwe. Makanisa huru, vyama vya wafanyakazi na harakati za ukombozi zilijengwa kwa sehemu kubwa na watu ambao hawakuitupa Biblia. Waliisoma upya.

8.0 Hitimisho

Makala haya yamejaribu kuonyesha kwamba tawasifu ya askari wa Afrika Mashariki inastahili kusomwa kama matini ya imani, sawa na inavyosomwa kama hati ya siasa. Mapokeo ya utenzi yalimtambua askari mwaminifu na mgonjwa mwenye subira, lakini hayakuwa na sauti ya kumpa mtu aliyeshuku akiwa safarini. Sauti hiyo ililetwa na tawasifu ya nathari, ambayo iliazima umbo la ushuhuda kutoka kwa kanisa na kulitumia kulihoji kanisa lenyewe. Kwa Itote shaka ilihusu mkataba kati ya askari na milki. Kwa Kaggia ilihusu mkataba kati ya muumini na mwalimu wake. Mhakiki asiyezitenganisha shaka hizi atawaona askari wote kama mtu mmoja, na ataipoteza historia ya dhamiri ya kila mmoja.

Liko jambo moja la mwisho kuhusu jina. Katika Biblia, Bildadi Mshuhi ni mmoja wa marafiki watatu wa Ayubu. Yeye ndiye mtetezi wa mapokeo: anamtaka Ayubu aviulize vizazi vya zamani na akubali kwamba Mungu hapotoshi haki, kwa hiyo anayeteseka ana kosa. Misheni ilimpa kijana wa Murang'a jina la mlinzi wa mafundisho ya mazoea, na vita vikamgeuza kuwa mwenye hoja. Lakini kitabu hicho hicho hakifungwi kwa ushindi wa Bildadi. Mwishoni Mungu anawakemea marafiki watatu kwa kutonena yaliyo sawa, na anamthibitisha Ayubu, yule aliyebishana. Askari aliyerudi kutoka Palestina mwaka 1946 alikuwa na Maandiko upande wake zaidi ya walimu wake walivyokuwa tayari kukiri.